Chuo ni cha Nani? Katiba ya India na Mipaka ya Serikali juu ya Vyuo Binafsi

Ndugu msomaji, watu wa jamii moja wamechanga fedha zao, wamenunua kiwanja, wamejenga chuo na kuwaandikia walimu mishahara. Chuo kimesimama na wanafunzi wamejaa. Kisha inakuja barua ya serikali. Inasema: katika kila nafasi kumi za masomo, nane mtawapa watu tutakaowachagua sisi, mkikataa, ruzuku tunaiondoa na chuo chenu hatutakitambua. Je, serikali ina haki hiyo? Na ikiwa ina haki ya kusema neno lolote juu ya chuo ambacho haikukijenga, haki hiyo inakomea wapi?

Barua ya nafasi nane katika kumi si mfano wa kubuni. Iliandikwa mwaka 1955 na serikali ya jimbo la Bombay huko India, na waliopelekewa walikuwa na vyuo vya kufundishia walimu. Tutaieleza mahali pake. Tumechagua kueleza habari za India kwa sababu mbili. Kwanza, Waislamu wa nchi hiyo ni wengi mno kwa idadi lakini ni wachache mbele ya jamii kubwa inayowazunguka, na vyuo vyao vimo katikati ya ugomvi huu tangu siku za mwanzo. Pili, sheria za India na sheria za nchi zetu zimenyonya ziwa moja la Waingereza. Hata sheria ya India ya mikataba na ile ya ushahidi ziliwahi kutumika pwani yetu wakati wa ukoloni. Hivyo hoja inayosemwa mahakamani Delhi haiwi ngeni kwa wakili wa Mombasa au wa Unguja.

NJIA MBILI KABLA YA KATIBA

Haifai kuisoma Katiba kabla ya kujua watu walioingia nayo walikuwa na nini mikononi.

Mwaka 1866, miaka michache baada ya Waingereza kuuzima uasi wa 1857 na kuufuta utawala wa Wamughal, wanazuoni wa mji mdogo wa Deoband walianzisha madrasa. Maulana Muhammad Qasim Nanautawi aliwaachia wenzake kanuni nane za kuiendesha. Katika kanuni hizo alitahadharisha juu ya kutegemea mapato ya uhakika, na akaona kwamba mkono wa serikali na wa matajiri katika madrasa una madhara. Itegemee michango ya watu wa kawaida, kidogo kidogo, na waendeshaji wake wabaki na khofu na matumaini. Sisi tuliosoma madrasa za vijijini, ambako chakula cha wanafunzi kilitegemea kikapu cha muhogo cha jirani, tunayaelewa maneno hayo bila ya mfasiri.

Mwaka 1875 Sir Syed Ahmad Khan alishika njia nyingine. Alifungua shule Aligarh, na mwaka 1877 liliwekwa jiwe la msingi la chuo kilichoitwa Muhammadan Anglo-Oriental College. Yeye alitaka vijana wa Kiislamu wapate elimu ya Kizungu pamoja na dini yao, na waingie katika kazi za serikali. Lakini chuo hicho hakikuwa na uwezo wa kutoa shahada. Kwa sheria ya Waingereza, shahada inayotambuliwa na serikali ilitoka katika chuo kikuu kilichoundwa kwa sheria tu. Basi Waislamu wakaomba chuo chao kifanywe chuo kikuu, nao wakaambiwa watafute rupia laki 30 kwanza. Wakazitafuta. Mwaka 1920 ikatungwa Sheria ya Chuo Kikuu cha Kiislamu cha Aligarh, na mali zote za chuo cha zamani zikahamia katika chuo kikuu hicho kipya.

Mwaka huohuo wa 1920, na papo hapo Aligarh, waliokuwa wakiwasusia Waingereza walijitoa wakaanzisha Jamia Millia Islamia. Maulana Mahmud Hasan wa Deoband ndiye aliyeifungua, akiwa mgonjwa, na hakumaliza mwaka. Chuo hicho kilihamia Delhi mwaka 1925. Ajabu ya mambo ni kwamba hata hicho, kilichozaliwa kwa kuikataa serikali, mwaka 1988 kilifanywa chuo kikuu kwa sheria ya Bunge. Njia ya shahada inapita mlango mmoja, na funguo za mlango huo anazo mwenye dola.

KATIBA ILISEMA NINI

Katiba ya India ilianza kutumika tarehe 26 Januari 1950. Ibara ya 30 inazipa jamii zote za wachache, wa dini au wa lugha, haki ya kuanzisha na kuendesha taasisi za elimu wanazozitaka wao. Sehemu ya pili ya ibara hiyo inaikataza serikali kubagua katika kutoa ruzuku kwa sababu tu taasisi iko mikononi mwa wachache. Ibara ya 29 nayo ina upande wa pili wa mizani: taasisi ikipokea fedha za serikali, isimkatalie raia nafasi kwa sababu ya dini yake, ukoo wake au lugha yake peke yake. Na Ibara ya 19 inampa kila raia, awe wa wachache au wa wengi, haki ya kufanya kazi na shughuli aipendayo, ila serikali inaruhusiwa kuiwekea mipaka ya kiasi kwa maslahi ya umma.

Juu ya zote hizo ipo Ibara ya 13, inayosema kwamba sheria yoyote inayogongana na haki za msingi ni batili kwa kadiri ya mgongano huo. Hapa ndipo nguvu ilipo. Jimbo likitunga sheria juu ya vyuo, mwenye chuo anaweza kwenda Mahakama Kuu ya jimbo lake, na baadaye Mahakama ya Juu iliyoko Delhi, akasema: sheria hii imevuka mpaka.

Tazama kwamba Ibara ya 30 haikutaja mipaka ndani yake, tofauti na Ibara ya 19. Je, maana yake ni kwamba mwenye chuo afanye apendavyo? Swali hilo halikukawia. Mwaka 1957 wakomunisti walichaguliwa kuongoza jimbo la Kerala, wakaleta muswada wa elimu. Kwa muswada huo serikali iliweza, kati ya mambo mengine, kuzitwaa shule za watu binafsi na kuziendesha. Wakristo wa Kerala, ambao shule zao ni za tangu zamani, wakapiga kelele. Rais wa India akaupeleka muswada kwa Mahakama ya Juu kuomba rai, na mwaka 1958 Mahakama ikajibu kwa kauli iliyokuja kuwa kama kanuni ya msingi: haki ya kuendesha haichukui ndani yake haki ya kuendesha vibaya. Serikali yaweza kudai walimu wenye sifa, majengo salama na hesabu zilizo wazi. Lakini kuitwaa shule yenyewe ni kuiua haki. Na tena, masharti ya ruzuku na ya kutambuliwa yasiwe ni bei ya kuinunua haki ya mtu. Huwezi kumwambia mwenye chuo: nitakutambua ukikubali kukiacha chuo chako.

Maneno haya ya mwisho ndiyo yaliyofanya kazi katika ile barua ya Bombay. Mwaka 1962 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya wamisionari wa Gujarat waliokuwa na chuo cha kufundishia walimu, walioamriwa watenge asilimia 80 ya nafasi kwa watu wa serikali. Serikali ilitetea kwamba nchi inahitaji walimu, na kwamba jambo lenyewe lina maslahi ya taifa. Hoja hiyo haikuwa ya kijinga hata kidogo. Lakini majaji walijibu kwamba kila amri yaweza kupambwa kwa maslahi ya taifa, na haki ya msingi ikikubali kupimwa kwa kipimo hicho peke yake haitabaki kitu. Wakaweka kipimo chao: sharti liwe la kiasi, lihusu elimu, na likifanye chuo kuwa chombo bora kwa jamii iliyokianzisha. Sharti linalokinufaisha chuo limo ndani ya mpaka. Sharti linalokigeuza kuwa cha mtu mwingine limo nje.

NADHIRI NA KADHI

Msomaji wa fiqhi akifika hapa atasema: haya mbona nayajua? Ndivyo. Katika mlango wa wakfu, mtu akiweka wakfu madrasa na akaweka nadhiri wa kuisimamia, kadhi ana jicho juu ya nadhiri huyo. Akifanya khiana humwondoa, na hesabu akizitaka hupewa. Lakini kadhi hamwondoi nadhiri mwaminifu kwa kupenda tu, wala haligeuzi sharti la mweka wakfu maadamu halipingani na Sharia. Wanazuoni wameliweka hili katika kanuni, kwamba usimamizi maalumu una nguvu kuliko usimamizi wa jumla, na Majalla ya Dola ya Uthmaniyya iliiweka kanuni hiyo kuwa ya 59. Madrasa ya Nidhamiyya ya Baghdad, iliyofunguliwa mwaka 1067, ilijengwa na waziri mwenye nguvu zote za dola. Pamoja na hayo ilisimama juu ya sharti la mweka wakfu kwamba iwe ya madhehebu ya Shafii.

Hatusemi kwamba majaji wa India waliyachukua haya katika vitabu vyetu. Tunasema ugomvi ni mmoja. Na ni kweli kwamba hukumu iliyoueleza vizuri zaidi ugomvi huo iliandikwa na Mwislamu, Jaji Mkuu Mohammad Hidayatullah. Mwaka 1970 alikuwa na mbele yake sheria ya Chuo Kikuu cha Kerala ya 1969, iliyoviweka vyuo binafsi chini ya mabaraza mapya. Ndani yake waanzilishi walipewa viti, na serikali, chuo kikuu na walimu wakapewa viti vyao. Watetezi wa sheria walisema: waanzilishi si bado wamo? Hidayatullah akaona kwamba kuwamo barazani si kuendesha. Baraza lile halikuwajibika kwa waanzilishi, na waanzilishi hawakuwa na njia ya kulirudisha likipotea. Kuendesha ni kuwa na mkono unaokifinyanga chuo kwa mujibu wa fikra ya aliyekianzisha. Akatoa jambo moja tu nje ya uendeshaji, nalo ni viwango vya elimu. Kiwango cha mtihani, mtaala wa shahada na sifa za mwalimu si mali ya mwenye chuo peke yake, kwa sababu mwanafunzi akitoka pale atasimama mbele ya umma wote.

Miaka minne baadaye, mwaka 1974, majaji tisa walikaa kusikiliza kesi ya chuo cha St. Xavier's cha Ahmedabad, cha mapadri wa Kijesuiti. Sheria ya Gujarat ilitaka katika bodi yao aketi mteule wa mkuu wa chuo kikuu, pamoja na wawakilishi wa walimu, wa wafanyakazi na wa wanafunzi. Ilitaka pia mwalimu asifukuzwe ila kwa idhini kutoka nje. Mahakama ilisema vifungu hivyo haviwezi kukishika chuo cha wachache. Mwalimu apewe haki ya kujitetea kabla ya kufukuzwa, hilo sawa. Ila kumpa mtu wa nje kura ya turufu, bila ya kumwekea mpaka wa kuitumia, ni kumpa chuo.

Hapa tunapenda kusema neno ambalo baadhi ya ndugu zetu hawalipendi. Kuta hizi zote, 1958, 1962, 1970 na 1974, zilijengwa hasa na kesi za Wakristo. Waislamu wa India walikuja kukaa katika kivuli chake. Aliyesimama mahakamani kutetea chuo cha mapadri alikuwa akiitetea na madrasa, ajue asijue.

FEDHA NA KILEMBA

Mpaka hapo habari ni nzuri. Lakini upo mlango ambao wenye vyuo wenyewe waliufungua.

Kuanzia miaka ya 1980 vyuo binafsi vya udaktari na uhandisi vilienea India, hasa majimbo ya kusini. Nafasi zikawa chache na waombaji wengi, na baadhi ya vyuo vikawa vinadai fedha nyingi za mkupuo ili kumwandikisha mwanafunzi, nje ya ada. Sisi watu wa pwani tungeziita kilemba, lakini tungekosea. Kilemba cha kwetu ni zawadi anayopewa mwalimu au fundi mwanafunzi anapohitimu, na hiyo ya India ni bei anayotozwa mwanafunzi kabla hajafungua daftari. Mtoto mwenye akili ambaye baba yake ni mkulima akarudi kijijini, na mtoto wa tajiri akaingia.

Mwaka 1993 Mahakama ya Juu, katika kesi iitwayo Unni Krishnan, iliagiza mpango mzito: nusu ya nafasi ziwe za bure au za ada ya serikali, nusu ziwe za kulipia, na wanafunzi wachaguliwe kwa utaratibu wa serikali. Nia ilikuwa njema. Matokeo yake ni kwamba chuo ambacho hakikupokea hata rupia moja ya serikali kilikuwa kimekuwa cha serikali kwa nusu.

Mpango huo uliangushwa tarehe 31 Oktoba 2002 na jopo la majaji 11, katika kesi ya T.M.A. Pai Foundation dhidi ya jimbo la Karnataka. Hukumu hii ndiyo mama. Ilisema kwamba haki ya kuanzisha chuo ni ya kila raia chini ya Ibara ya 19, si ya wachache peke yao. Chuo kisichopokea ruzuku kiwe na uhuru mpana wa kuchagua wanafunzi, walimu na bodi, na wa kupanga ada. Ziada ya kiasi ya kukuza chuo inaruhusiwa. Kutafuta faida ya kibiashara na kilemba kile cha kuingilia ni haramu kisheria. Chuo cha wachache kinachopokea ruzuku hakipotezi sura yake, lakini hapana budi kipokee na wasio wa jamii yake kwa kiasi kinachofaa, kwa sababu Ibara ya 29 inaamka pale fedha za umma zinapoingia. Miaka kumi na moja kabla yake, mwaka 1991, chuo cha St. Stephen's cha Delhi kilikuwa kimeruhusiwa kuwapa Wakristo hadi nusu ya nafasi. Majaji wa 2002 waliiacha hesabu hiyo ya nusu, wakasema kila mahali papimwe kwa hali yake.

Walisema pia kwamba uchache unahesabiwa kwa jimbo, si kwa India nzima. Mkristo wa Nagaland, ambako Wakristo ndio wengi, hawezi kwenda mahakamani akajiita mchache. Msomaji asipite haraka hapa, kwani kwa neno hilo haki ileile huwaka katika jimbo moja na kuzimika katika la jirani.

Hukumu ndefu haikosi wafasiri. Mwaka 2003, katika kesi ya Islamic Academy of Education, majaji watano waliunda kamati mbili katika kila jimbo chini ya majaji wastaafu, moja ya ada na moja ya mitihani ya kuingilia. Mwaka 2005 kesi ya P.A. Inamdar, Mwislamu wa Pune aliyejulikana kwa kazi ya elimu, ilifika mbele ya majaji saba. Wakasema wazi kwamba serikali haiwezi kujitengea nafasi katika chuo kisichopokea ruzuku yake, cha wachache au cha wengi.

Bunge lilijibu kabla ya mwaka kwisha. Kwa badiliko la 93 la Katiba, lililoanza kutumika Januari 2006, iliongezwa sehemu ya tano katika Ibara ya 15. Sehemu hiyo inairuhusu serikali kuyatengea matabaka yaliyoachwa nyuma nafasi katika vyuo, hata vile vya binafsi visivyopokea ruzuku, isipokuwa vyuo vya wachache. Mwaka 2014, katika kesi ya Pramati, Mahakama iliikubali sehemu hiyo. Basi kinga waliyoipata wote mwaka 2005 ikabaki kwa wachache. Hatuwezi kuwalaumu walioitaka nafasi hiyo. Watoto wa matabaka yale walifungiwa milango kwa karne nyingi, na waliokuwa wameshika ufunguo mara nyingi ni walewale waliokuwa wakiuza nafasi.

Baada ya hapo mwelekeo uligeuka. Mwaka 2016, katika kesi ya chuo kimoja cha udaktari wa meno cha Madhya Pradesh, Mahakama ilikubali jimbo lisimamie ada na lifanye mtihani mmoja wa kuingilia kwa vyuo binafsi vyote. Mwaka 2020 hata hospitali na chuo cha Wakristo cha Vellore, chenye historia ndefu ya kuchagua wanafunzi wake kwa njia yake na kuwapeleka kutumikia hospitali za misheni, kiliambiwa kwamba mtihani mmoja wa taifa wa udaktari unawahusu na wao. Sababu iliyotolewa ni kuung'oa ufisadi wa nafasi za kununua. Waliotoza kilemba walimsababishia kizuizi na yule asiyetoza.

ALIGARH TENA

Turudi sasa kwa waliochanga laki 30. Mwaka 1967, katika kesi ya Azeez Basha, majaji watano walisema kwamba Chuo Kikuu cha Aligarh hakikuanzishwa na Waislamu. Kilianzishwa na sheria ya 1920, na asiyeanzisha hana haki ya kudai kuendesha. Waislamu walileta chuo chao, fedha zao na ardhi yao, lakini aliyekifanya kuwa chuo kikuu ni Bunge la Waingereza la India. Ndugu msomaji, pima hoja hii. Sheria iliwalazimisha waende kwa serikali kutafuta shahada, kisha kwenda kwao kukawa ni ushahidi kwamba chuo si chao.

Mwaka 1981 Bunge lilibadilisha sheria ili iseme kwamba chuo kikuu hicho kilianzishwa na Waislamu wa India. Mwaka 2005 chuo kilipowatengea Waislamu nusu ya nafasi za udaktari wa ngazi ya juu, Mahakama Kuu ya Allahabad iliubatilisha utaratibu huo ikaitegemea hukumu ya 1967. Suala likazunguka mahakamani hadi tarehe 8 Novemba 2024, siku ya mwisho ya Jaji Mkuu D.Y. Chandrachud kukaa kitini mahakamani. Kwa kura nne dhidi ya tatu, kipimo cha 1967 kikatupwa. Kuundwa kwa sheria hakuondoi asili, wakasema walio wengi. Itazamwe fikra ilitoka kwa nani, nani alichanga, ardhi ilipatikana vipi, na chuo kilikusudiwa kumnufaisha nani. Hawakumaliza lakini. Kwa kipimo hicho kipya, waliliacha suala la Aligarh yenyewe liamuliwe na jopo la kawaida.

Siku tatu kabla yake, tarehe 5 Novemba 2024, Mahakama hiyohiyo ilikuwa imetoa hukumu juu ya madrasa za Uttar Pradesh. Mahakama Kuu ya Allahabad ilikuwa imeifuta mwezi Machi sheria ya 2004 ya bodi ya madrasa, kwa hoja kwamba inapingana na msimamo wa India wa kutofungamana na dini. Mahakama ya Juu iliirudisha sheria hiyo. Ilisema jimbo linaweza kuzisimamia madrasa ili watoto wapate elimu ya kiwango, na kwamba usimamizi huo ukae pamoja na haki ya wachache ya kuendesha. Lakini ilikata sehemu moja: bodi haina uwezo wa kutoa kamil na fazil, vyeti vinavyolingana na shahada ya kwanza na ya pili, kwa kuwa sheria ya tume ya vyuo vikuu ya 1956 imeufunga mlango huo kwa wasiokuwa vyuo vikuu.

Na Januari 2020, katika kesi ya madrasa za Bengali Magharibi, majaji wawili walikubali tume ya serikali iwachague walimu wa madrasa zinazopokea ruzuku. Tukiiweka hukumu hiyo kando ya ile ya 1974, twaona umbali. Majaji tisa walisema mteule wa nje ndani ya bodi ni mno. Wawili wakasema tume ya nje kuwachagua walimu si mno, maadamu inatafuta walio bora. Kwa rai yetu majaji wa 1974 walikuwa karibu zaidi na maneno ya Katiba. Mwalimu ndiye chuo, na anayemchagua mwalimu amekishika chuo hata akiwaachia wenyewe funguo za jengo. Walioshinda wana hoja yao nao: mshahara unatoka hazina ya umma, na mtoto wa madrasa anastahiki mwalimu mzuri kama mtoto mwingine. Hoja hiyo haijibiwi kwa hasira. Inajibiwa na waendeshaji watakaoonyesha kwamba waliajiri kwa sifa, si kwa undugu.

Deoband haimo katika orodha ya kesi hizi. Haikuomba sheria ya kuiunda, wala haikuomba ruzuku, na hati zake hazikutafuta kuwa shahada za dola. Mhitimu wake akitaka kazi ya serikali hutafuta cheti kingine kwingineko. Vijana waliokuwa wakisomea kamil na fazil chini ya bodi ya Uttar Pradesh waliifuata njia ya kati baina ya Deoband na Aligarh, na hukumu ya Novemba 2024 iliwakuta hapo, vitabu mkononi, wakingoja kuambiwa ni chuo kikuu gani kitawapokea.

Wallahu aalam.